Mwinamo, Mpando na Mteremko: Istilahi Moja ya Reli ya Kusini

Reli ya Kusini haipo tena. Ilijengwa kwa ajili ya mradi wa karanga ulioanzishwa na serikali ya Uingereza mwaka 1947. Njia ilitoka Mkwaya, kwenye hori ya Lindi, ikafika Nachingwea mwaka 1949. Baadaye iliunganishwa na Mtwara, ambako bandari ya kina kirefu ilifunguliwa mwaka 1954. Wakati huo mradi wenyewe ulikuwa umekwisha kuachwa, tangu 1951, baada ya kumeza pauni zipatazo milioni 36. Reli ikakosa mzigo wa kutosha, na mwanzoni mwa miaka ya 1960 ikafungwa, vyuma vikang'olewa. Kilwa haikupata hata hiyo. Mnamo 1904 na 1905 Mjerumani Paul Fuchs alipeleleza faida ya reli ya kutoka Kilwa hadi Ziwa Nyasa, lakini njia hiyo haikujengwa.

Reli inapong'olewa, maneno yake hayang'oki yote. Neno taruma, kwa mfano, lilikuwa la mafundi wa vyombo vya baharini kabla ya kuitwa gogo linalolaliwa na reli; pwani ya Kilwa na Lindi haikuhitaji kulikopa popote. Behewa, stesheni na gadi nayo yamekwisha kuzoeleka. Linalotusumbua ni jambo lisiloshikika kwa mkono: kiasi cha njia kuinama.

Wafasiri wetu aghalabu huandika "mteremko". Neno hilo ni zuri kwa mtu anayeshuka. Lakini atokaye Lindi kwenda Nachingwea, mahali palipo takriban mita 400 juu ya usawa wa bahari, kwa jumla anapanda. Ajaye Lindi kutoka huko anateremka, na njia ni ile ile. Katika reli za Uingereza ukweli huu umewekwa kwenye nguzo fupi kando ya njia. Nguzo ina mikono miwili, kila mmoja ukionyesha hali ya njia ya upande wake: ulioinuliwa juu ni wa kupanda, ulioelekezwa chini ni wa kushuka, na ulionyooka ni wa tambarare. Juu ya mkono huandikwa tarakimu. Mfasiri akiiita "nguzo ya mteremko" atakuwa ameukata mkono mmoja.

"Mwinuko" nalo halitufai, kwa kuwa walimu wa jiografia wanalitumia kwa urefu wa mahali kutoka usawa wa bahari. Tunapendekeza mwinamo liwe jina la kipimo chenyewe, lisilojali upande. Mpando na mteremko yabaki kwa safari. Basi nguzo ile ni nguzo ya mwinamo.

Kuhusu tarakimu, tunashauri iandikwe "1 kwa 50", wala si "1 katika 50", ambayo msomaji huweza kuidhania kuwa sehemu moja ya vitu hamsini. Maana yake ni kwamba kwa kila mita 50 za njia, njia hupanda mita 1, yaani asilimia 2. Kwa mwenda kwa miguu hilo si kitu. Kwa treni ni jambo kubwa: katika mwinamo huo kila tani hutaka nguvu ya kilo 20 ili isirudi nyuma, na treni ya tani 500 hutaka nguvu ya tani 10 kabla haijasogea hatua moja. Tarehe 24 Juni 2002, karibu na Igandu mkoani Dodoma, treni ya abiria ilirudi nyuma kwa kasi na kugongana na treni ya mizigo; watu 281 walikufa. Hatusemi kwamba istilahi ingewaokoa. Tunasema tu kwamba kitabu cha kufundishia madereva kikitafsiriwa, neno hili si la kukisiwa.

Mwalimu asiye na reli karibu anaweza kutumia reli ya mfano. Ubao wa mita 1 ukiinuliwa ncha moja kwa sentimita 2 una mwinamo wa 1 kwa 50, sawasawa na wa njia halisi, kwa kuwa uwiano haupungui kwa udogo wa kitu. Wanafunzi wachonge nguzo ya kijiti na kadibodi, kisha wasome mikono yake kutoka ncha zote mbili.

Limebaki jina la ule mwinamo mkali kuliko yote katika sehemu ya njia, unaoamua injini moja iruhusiwe kuvuta tani ngapi. "Mwinamo mkuu" lingeweza kufikiriwa, ila litamfanya msomaji adhani ni mwinamo mrefu. Sisi tunapendelea mwinamo kikomo, na tutashukuru kuletewa neno bora, hasa na waliowahi kufanya kazi relini.