Neno "Kufahamu" Sokoni Isiolo

Ukisimama sokoni Isiolo, msomaji, utasikia Kimeru, Kiborana, Kisomali, Kiturkana na Kisamburu, na Kiswahili kikiwaunganisha wauzaji na wanunuzi. Mji huu umekusanya watu wa asili nyingi. Baada ya Vita vya 1914–1918 serikali ya Waingereza iliwapa makazi hapo Wasomali waliopigana katika jeshi lake, na Isiolo ikawa mlango wa kuingilia Wilaya ya Mpaka wa Kaskazini. Kwa hiyo ni mahali pazuri pa kulichunguza neno letu "kufahamu".

Mmeru anaposema kwamba ajua jambo, hutumia kitenzi "kumenya". Hicho ni ndugu wa "kumanya" cha Wagiriama wa pwani, na cha "okumanya" cha Waganda. Ni urithi wa lugha za Kibantu. Msomali naye akisema "waan fahmay", maana yake "nimefahamu". Na asikiaye aweza kudhani kwamba Waswahili waliliazima neno hilo kwa Wasomali. Sivyo. Wote wawili walilipata katika Kiarabu, ambamo "fahima" ni "alifahamu", kila mmoja kwa njia yake, kwa dini na kwa biashara ya bahari. Waajemi pia walilichukua, wakaunda "fahmidan".

Lakini Waswahili hawakulipokea vivi hivi. Katika "fahm" konsonanti mbili zaandamana. Wao wakazitenga kwa irabu, na mwishoni wakatia "u", kama ilivyo desturi baada ya "m" katika maneno ya asili hiyo: dumu, laumu, hukumu, heshimu. Irabu hiyo haigeuki. Twasema "najua" na "sijui", bali "nafahamu" na "sifahamu". Hiyo ndiyo alama ya ugeni iliyosalia. Kwingineko neno limetii sheria za wenyeji, nasi twasema fahamisha, fahamika, fahamiana.

Wako wasemao kwamba Kiswahili ni viraka tu vya Kiarabu. Mimi ningewaomba wamtazame mtu aliyezimia. Sisi husema amepoteza fahamu. Mwarabu hatumii "fahm" hapo. Hutumia neno jingine kabisa, "wa'y". Msomali wa Isiolo, ijapokuwa analo "fahmay" kinywani mwake, husema mtu huyo amepoteza "miyir". Basi maana hii, ya mtu kujitambua na kuyatambua yaliyo mbele yake, haikuja na jahazi lolote. Ilikua hapa hapa, vinywani mwa Waswahili, mpaka neno likawa jina lenye ngeli yake. Na jamaa za mgonjwa, wakimwona afumbua macho, husema kwamba fahamu zimemrudia.