Tarehe ya Silmaril na Ukoo wa Fëanor

Katika Arda, ulimwengu wa kubuni uliotungwa na mwandishi Mwingereza J. R. R. Tolkien (1892–1973), hakuna hazina iliyomwagiwa damu nyingi kama vito vitatu viitwavyo Silmaril. Habari zake zimo katika kitabu cha The Silmarillion, ambacho mwanawe, Christopher Tolkien, alikihariri na kukichapisha mwaka 1977, na katika kumbukumbu za miaka alizozitoa baadaye. Tarehe hii inavifuata vito hivyo mkono kwa mkono, kwa kuwa suala kuu katika historia yake ni haki ya kuvimiliki, na namna ukoo wa fundi aliyevitengeneza ulivyoipoteza haki hiyo.

Fundi huyo ni Fëanor, mwana wa kwanza wa Finwë, mfalme wa Wanoldor. Wanoldor ni kabila mojawapo la Waelfi, viumbe wanaofanana na binadamu lakini wasiokufa kwa uzee wala maradhi. Waliishi Valinor, nchi iliyo ng'ambo ya bahari ya magharibi, chini ya uangalizi wa Valar, yaani wakuu wa kiroho waliokabidhiwa ulimwengu. Jua na mwezi havikuwapo bado, na nchi hiyo iliangazwa na Miti Miwili: Telperion wa nuru ya fedha na Laurelin wa nuru ya dhahabu. Mnamo mwaka 1450 wa Miaka ya Miti, Fëanor alikamilisha vito vitatu kwa maada aliyoibuni mwenyewe, iitwayo silima, ngumu kupita almasi, na ndani yake akaihifadhi nuru ya Miti hiyo. Varda, malkia wa nyota, alivitakasa ili kila mwenye mwili wa kufa, mikono michafu au nia ya uovu aungue akivigusa. Hivyo tangu mwanzo vito vilikuwa na pande mbili, kwani ganda lilikuwa kazi ya Fëanor, ilhali nuru haikuwa yake.

Melkor, aliyekuwa mwenye nguvu kuliko Valar wote kabla ya kuasi, alivitamani vito hivyo, akapanda fitina kati ya Fëanor na Fingolfin, ndugu yake wa baba mmoja, hata Fëanor akamwelekezea nduguye upanga na kuhukumiwa kuondoka mjini Tirion kwa miaka 12. Kabla muda huo haujaisha, mwaka 1495, Melkor na Ungoliant, jinamizi lenye umbo la buibui, waliiua Miti. Yavanna, aliyeiotesha, aliomba vito vivunjwe ili nuru yake iihuishe, na Fëanor akakataa. Punde ikaja habari kwamba Melkor alikwisha kumuua Finwë katika ngome ya Formenos na kuvichukua vito vyote.

Fëanor akampa mwizi jina la Morgoth, kisha yeye na wanawe saba, Maedhros, Maglor, Celegorm, Caranthir, Curufin, Amrod na Amras, wakala kiapo cha kumwandama yeyote atakayeshika Silmaril, awe Vala, Mwelfi au binadamu, na wakajitakia giza la milele iwapo wangekivunja. Kiapo hicho hakikutofautisha mwizi na mtu aliyekipata kito kwa njia ya halali, na damu ya kwanza iliyomwagwa kwa ajili yake ilikuwa ya Wateleri, Waelfi wenzao wa bandari ya Alqualondë, waliokataa kutoa merikebu zao za kumfuatia Morgoth ng'ambo ya bahari. Fëanor mwenyewe hakuwahi kuviona tena vito vyake, kwani mara baada ya kufika Dunia ya Kati, bara la ng'ambo hiyo, alijeruhiwa na mapepo ya moto yaitwayo Balrog, akafa.

Morgoth, ambaye viganja vyake viliungua na kubaki vyeusi, alivitia vito katika taji la chuma. Vilikaa humo hadi Beren, binadamu, na Lúthien, binti wa Thingol mfalme wa Doriath, walipokibandua kimoja ili kiwe mahari ya Lúthien. Mkono wa Beren, ingawa ni wa mwanadamu, haukuungua. Thingol alikiweka kito hicho katika mkufu, akauawa kwa ajili yake na Vibete wa Nogrod, taifa la mafundi wa madini. Kikarudi kwa Beren na Lúthien, kikarithiwa na mwana wao Dior, na wana wa Fëanor wakaivamia Doriath. Humo Dior aliuawa, na Celegorm, Curufin na Caranthir wakaanguka. Elwing, binti wa Dior, alikimbia nacho hadi milango ya mto Sirion, ambako shambulio jingine liliwaangamiza Amrod na Amras. Alijitupa baharini nacho, akaokolewa, akakifikisha kwa mumewe Eärendil, ambaye alisafiri nacho hadi Valinor kuwaombea msaada Waelfi na binadamu.

Majeshi ya Valinor yalipomshinda Morgoth, Maedhros na Maglor walidai vito viwili vilivyobaki. Eönwë, mjumbe wa Valar, alijibu kwamba haki ya ukoo huo ilikwisha kubatilika kwa maovu uliyoyatenda. Waliviiba usiku, na viganja vyao vikaungua, jambo lililothibitisha hukumu hiyo kuliko hoja yoyote. Maedhros alijitosa na kito chake katika ufa wa moto, Maglor akakitupa chake baharini, na cha Eärendil kikawa nyota ya angani.

Katika ukoo huo alisalia Celebrimbor, mwana wa Curufin, ambaye huko nyuma, mjini Nargothrond, alimkana baba yake na matendo yake. Fundi huyo alitengeneza Pete Tatu za Waelfi, akauawa na Sauron, aliyekuwa mtumishi wa Morgoth, mwaka 1697 wa Enzi ya Pili, iliyofuata kushindwa kwa Morgoth, kwa kukataa kufichua zilipo. Alirithi ustadi wa babu yake bila kurithi dai lake, na kwa mikono yake kazi ya ukoo wa Fëanor ilifika mwisho.