Gazeti dogo lililozaliwa Paris mwaka 1947

Mara nyingi twasikia watu wakisema: «Gazeti ni kazi ya wenye mali. Sisi tutaanzaje?» Basi tuwaeleze habari za mtu mmoja aliyeanza.

Alioune Diop alizaliwa Saint-Louis, nchi ya Senegal, mwaka 1910, katika jamaa ya Waislamu. Alikuwa mwalimu. Huko Ufaransa alipokea imani Katolika, akabatizwa mwaka 1944. Wakati wa vita, wanafunzi Waafrika waliokuwa Paris walizoea kukutana na kuulizana: Sisi ni nani? Wazungu wameandika vitabu vingi juu yetu. Je, neno letu wenyewe liko wapi?

Swali hilo ndilo lililozaa gazeti. Mwisho wa mwaka 1947 toleo la kwanza lilitoka, kwa Kifaransa, likitolewa Paris na Dakar pamoja. Jina lake Présence Africaine, maana yake: Afrika ipo hapa. Diop hakukubali liwe mali ya chama cho chote. Katika wasimamizi wake walikuwamo Senghor na Césaire. Sartre asiyemsadiki Mungu aliandikwa pamoja na Padri Maydieu, Mdominiko. Makala yake ya kwanza Diop aliipa jina kutoka methali ya kwao: kula upate kuishi, si kula upate kunenepa. Ndivyo alivyotaka watu wasome.

Na sisi wa Kongo tumo. Padri Placide Tempels, Mfransisko, alikaa na Baluba wa Katanga, akaandika juu ya hekima ya Wabantu. Kitabu chake kilichapwa Elisabethville, ndiyo Lubumbashi ya leo, mwaka 1945. Mwaka 1949 Diop alipoanza kutoa vitabu pia, alianza na hicho.

Mwaka 1956 gazeti liliwakusanya waandishi weusi wa dunia katika Sorbonne. Mwaka 1959 Roma, na Baba Mtakatifu Yohane XXIII akawapokea.

Diop alifariki mwaka 1980, lakini kazi yake haikuzikwa naye. Tujifunze nini? Asiyesema, wengine humsemea, na pengine humsemea vibaya. Wazee wetu wanajua mengi ambayo hayajaandikwa. Tusingoje mali. Tuchukue kalamu na daftari, twende kuwauliza wangali hai.