Pwani ya Waswahili vitabuni: nani aliandika, na aliona nini?

Fridley, Minnesota

Kila msimu wa likizo unapokaribia, familia za Afrika Mashariki zinazoishi Fridley na vitongoji vingine vya Minneapolis na Saint Paul huanza kufunga mizigo ya safari ya nyumbani. Wengi hupanga kuwapitisha watoto Mombasa, Lamu, Zanzibar au Kilwa, na ndani ya begi hutiwa kitabu kimoja cha kuwaongoza watalii.

Mara nyingi kitabu hicho ndicho cha kwanza, na pengine cha pekee, ambacho mtoto aliyezaliwa Marekani atakisoma kuhusu pwani. Binti wa rafiki yangu, mwenye umri wa miaka 13, aliniletea chake, akanionyesha aya moja na kuniuliza: "Mjomba, kumbe Kilwa ilijengwa na wageni?" Aya ile ilisema hivyo, bila ya shaka wala maelezo.

Makala haya ni jibu la swali lake, na ni mwongozo kwa kila anayetaka kuisoma pwani kabla ya kuifikia.

Walioandika wakipita

Miongoni mwa maandishi ya kale kabisa yanayoieleza pwani yetu ni Periplus ya Bahari ya Erithrea, iliyoandikwa kwa Kigiriki katika karne ya kwanza na mtu asiyejulikana jina. Anataja soko la Rapta, vyombo vilivyoshonwa kwa kamba, pembe za ndovu na magamba ya kasa. Mahali hasa ilipokuwa Rapta wataalamu hawajakubaliana hadi leo.

Mwaka 1331 msafiri wa Morocco, Ibn Battuta, alifika Mogadishu, Mombasa na Kilwa. Anaeleza kuwa watu wa Mombasa walikula ndizi na samaki na kuagiza nafaka kutoka kwingineko, na anausifu mji wa Kilwa kwa uzuri wake. Hata hivyo, msomaji akumbuke kuwa masimulizi hayo yaliandikwa na Ibn Juzayy zaidi ya miaka 20 baadaye, kutokana na kumbukumbu za msafiri mwenyewe.

Wareno walifuata. Vasco da Gama alipita mwaka 1498, na mwaka 1505 majeshi ya Francisco de Almeida yaliipora Kilwa na Mombasa. Walioandamana naye walizisifu nyumba za mawe na bustani za miji ile ile waliyokuwa wakiiteketeza.

Sehemu kubwa ya ushahidi huo imekusanywa katika kitabu kimoja cha G. S. P. Freeman-Grenville, The East African Coast: Select Documents, kilichochapishwa mwaka 1962. Kwa anayeanza, hicho ndicho cha kutafuta mwanzo.

Waliosimulia wenyewe

Ni kosa kudhani kuwa pwani iliandikwa na wageni peke yao. Tarehe ya Kilwa ilitungwa kwa Kiarabu katika karne ya 16. Nakala yake iliyoandikwa mwaka 1877 imehifadhiwa katika Maktaba ya Uingereza. Humo ndimo mlimo kisa cha Mshirazi aliyekinunua kisiwa kwa nguo za kukizunguka.

Historia ya Pate ilihifadhiwa kwa Kiswahili, na baadhi ya matoleo yake yalinakiliwa mwanzoni mwa karne ya 20 kutokana na masimulizi ya Bwana Kitini. Historia ya Wamazrui wa Mombasa iliandikwa kwa Kiarabu na Sheikh al-Amin bin Ali Mazrui, aliyefariki dunia mwaka 1947. Ilichapishwa pamoja na tafsiri ya Kiingereza mwaka 1995.

Kutoka Zanzibar, Sayyida Salme binti Said, aliyeitwa Emily Ruete baada ya kuolewa na Mjerumani, alichapisha kumbukumbu zake kwa Kijerumani mwaka 1886. Anayesoma kurasa zake huingia ndani ya majumba ambayo wasafiri wa kiume waliyaona kwa nje tu.

Waswahili pia walisafiri na kuandika. Katika Safari za Wasuaheli, mkusanyiko uliochapishwa na Carl Velten mwaka 1901, Salim bin Abakari anasimulia safari yake ya Urusi na Siberia. Mtoro bin Mwinyi Bakari, mchangiaji mkuu wa Desturi za Wasuaheli ya mwaka 1903, alifundisha Kiswahili Berlin na hakurudi kuishi kwao.

Nani aliijenga?

Swali la yule binti lina historia yake. James Kirkman alianza kuchimba magofu ya Gedi mwaka 1948, na kitabu alichokitoa mwaka 1954 aliuita mji huo wa Waarabu tangu kwenye jalada. Vitabu vingi vya utalii viliuchukua msimamo huo na kuurudia.

Kuanzia mwaka 1980, Mark Horton alichimba Shanga, katika kisiwa cha Pate. Chini ya msikiti wa mawe alikuta misikiti mingine midogo, mmoja juu ya mwingine, hadi ile ya miti ya karne ya 8. Mwaka 1985 Derek Nurse na Thomas Spear walionyesha jinsi Kiswahili kilivyochipuka miongoni mwa lugha za Kibantu za pwani. Mwanaakiolojia wa Kenya, Chapurukha Kusimba, aliendeleza hoja hiyo katika The Rise and Fall of Swahili States, mwaka 1999.

Mwaka 2023 jarida la Nature lilichapisha uchunguzi wa vinasaba vya watu 80 waliozikwa zamani katika miji ya pwani na mji mmoja wa bara. Ulionyesha kuwa wengi walikuwa na asili ya Afrika, zaidi kwa upande wa kina mama, na asili ya Asia, hasa Uajemi, kwa upande wa kina baba, na kwamba kuchanganyika huko kulianza yapata mwaka 1000.

Kwa hiyo kisa cha Washirazi si uzushi mtupu, lakini wageni hao walioa katika pwani iliyokwisha kuwa na miji yake. Ndivyo nilivyomjibu binti yule.

Kabla ya kununua

Tazama mwaka wa toleo. Kilwa Kisiwani na Songo Mnara ziliingia katika orodha ya urithi wa dunia ya UNESCO mwaka 1981, zikawekwa katika orodha ya urithi ulio hatarini mwaka 2004 na kuondolewa humo mwaka 2014. Gedi iliongezwa mwaka 2024. Kitabu cha zamani hakitakuambia hayo.

Tazama pia kama mwandishi anawataja wanahistoria wa pwani yenyewe. Kuhusu utumwa, karafuu na pembe za ndovu, hakuna budi kumsoma Abdul Sheriff wa Zanzibar, Slaves, Spices and Ivory in Zanzibar, cha mwaka 1987. Wapenzi wa riwaya wanaweza kusoma Paradise ya Abdulrazak Gurnah, mshindi wa Tuzo ya Nobel ya mwaka 2021. Tafsiri yake ya Kiswahili, Peponi, iliyofanywa na Ida Hadjivayanis, ilitoka mwaka 2022.

Vingi kati ya vitabu hivi si rahisi kuvikuta katika maktaba ya mtaani. Lakini wakazi wa Minnesota wanaweza kuviagiza kwa utaratibu wa kuazimana baina ya maktaba za jimbo, MNLINK, kwa kadi yao ya kawaida ya maktaba.

Binti yule ataondoka na wazazi wake. Mimi safari hiyo siwezi kuifanya kwa sasa. Nimemwomba anipigie picha ya Husuni Kubwa, jumba linalohusishwa na sultani yule yule aliyempokea Ibn Battuta, na aniandikie ukurasa mmoja, kwa Kiswahili, wa yale atakayoyaona.