Mkarafuu, Kasri na Sheria: Ukoloni, Kilimo cha Mashamba Makubwa na Mabadiliko ya Jamii Katika Visiwa vya Unguja na Pemba

Utangulizi

Katika riwaya ya Adam Shafi Adam, Kasri ya Mwinyi Fuad (1978), mmoja wa wahusika wanaobeba uzito mkubwa wa masimulizi ni mtumishi mkongwe aitwaye Kijakazi. Jina hilo halikuteuliwa ovyo. Mjakazi ni mtumwa wa kike, na kijakazi ni mjakazi mdogo. Riwaya inasawiri maisha ya shamba kisiwani Unguja katika kipindi kilichotangulia Mapinduzi ya Januari 1964, ilhali hadhi ya kisheria ya utumwa ilikwisha kufutwa visiwani humo mwezi Aprili 1897. Kwa hesabu ya miaka, zaidi ya vizazi viwili vilikuwa vimezaliwa chini ya sheria isiyomtambua mtumwa. Hata hivyo, mwandishi anamwita mhusika wake kwa jina la utumwa, na anamweka katika uhusiano na bwana wake ambao kwa kila hali ni wa mtwana na mwinyi.

Jambo hili laweza kuelezwa upesi kwa njia mbili. Ya kwanza ni kudai kwamba mwandishi ametia chumvi kwa makusudi ya kisiasa, kwa vile riwaya iliandikwa baada ya Mapinduzi na inayaunga mkono. Ya pili ni kuichukua riwaya kama hati ya kihistoria na kuhitimisha kwamba utumwa uliendelea Unguja hadi mwaka 1964. Makala haya yanazikataa njia zote mbili. Yananuia kuonyesha kwamba utawala wa Waingereza ulimwondoa mtumwa katika vitabu vya sheria lakini ukalihifadhi shamba lililomhitaji; na kwamba katika kulihifadhi, ulisaidia kugeuza tofauti za hadhi zilizokuwa na milango ya kupitia kuwa tofauti za asili zisizo na mlango. Riwaya inayakumbuka matokeo ya tendo hilo kwa usahihi. Inachokisahau ni mtendaji.

Kuja kwa mkarafuu

Mkarafuu si mti wa asili wa Afrika Mashariki. Kwao ni visiwa vya Maluku, ambako Waholanzi waliuhodhi kwa muda mrefu kabla Wafaransa hawajafaulu kuupeleka katika visiwa vya Bahari ya Hindi katika miaka ya 1770. Kutoka huko ulifika Unguja mwanzoni mwa karne ya 19, na mapokeo yanamtaja Saleh bin Haramil kuwa miongoni mwa waliouleta. Aliyeufanya uwe nguzo ya dola, hata hivyo, ni Seyyid Said bin Sultan, aliyehamishia makao yake Unguja kutoka Maskati. Inasimuliwa kwamba aliwaamuru wenye mashamba kupanda mikarafuu mitatu kwa kila mnazi mmoja.

Mkarafuu ulihitaji ardhi yenye udongo mzito na mikono mingi. Ardhi hiyo ilipatikana zaidi katika sehemu za magharibi na kaskazini za Unguja, na katika vilima vya Pemba. Mikono ilitoka bara kwa njia ya biashara ya watumwa. Wenyeji wa Unguja waliojulikana kama Wahadimu, ambao awali walitawaliwa na Mwinyi Mkuu, walibaki zaidi katika maweni ya mashariki na kusini, wakiishi kwa uvuvi na kilimo kidogo. Mamlaka ya Mwinyi Mkuu yalififia, na ukoo wake ukakoma kutawala katika miaka ya 1870.

Pemba ilifuata njia tofauti. Tufani ya mwaka 1872 iliing'oa sehemu kubwa ya mikarafuu ya Unguja lakini ikaiacha Pemba karibu salama. Tangu hapo Pemba ikawa ndiyo mzalishaji mkuu. Aidha, huko Wapemba wenyewe walipanda na kumiliki mikarafuu kwa wingi, wakipakana na wenye mashamba wa asili ya Kiarabu na kuoana nao. Tofauti hii ya visiwa viwili husahauliwa mara nyingi na wahakiki wanaozungumzia "shamba la Zanzibar" kana kwamba lilikuwa moja.

Ikumbukwe pia kwamba jamii hii ya karne ya 19, pamoja na ukatili wake, ilikuwa na njia za kupita kutoka hadhi moja hadi nyingine. Mtumwa aliweza kuachwa huru na bwana wake. Mtoto wa suria na bwana alizaliwa huru na kurithi kama watoto wengine. Mzalia alitofautishwa na aliyeletwa jana kutoka bara. Ustaarabu, dini na lugha vilikuwa ngazi ambazo mtu alizipanda, ingawa si kwa hiari yake peke yake wala si kwa wepesi. Hayo hayakuufanya utumwa uwe mwema. Yanaonyesha tu kwamba mpaka wake haukuchorwa kwa damu peke yake.

Kutoka mtumwa hadi skwota

Visiwa vilitangazwa kuwa chini ya himaya ya Waingereza mwaka 1890. Watawala wapya walikabiliwa na mkinzano ambao hawakuumaliza. Kwa upande mmoja, walikuwa wameuhalalisha uvamizi wao Afrika kwa jina la kupiga vita utumwa. Kwa upande wa pili, mapato ya serikali yalitegemea ushuru wa karafuu, na karafuu zilitegemea watumwa.

Dikrii ya mwaka 1897 ni mtoto wa mkinzano huo. Haikumwachia mtumwa huru moja kwa moja. Ilimtaka aende mahakamani kuuomba uhuru wake, na bwana alipwe fidia. Aliyepewa uhuru alitakiwa kuthibitisha kwamba ana makazi maalumu na njia ya kujikimu, la sivyo angehesabiwa kuwa mzururaji. Masuria hawakuingizwa katika haki hiyo kwa masharti sawa na wengine hadi dikrii nyingine ilipotolewa mwaka 1909. Kwa maneno mengine, sheria ilimpa mtu uhuru na papo hapo ikamuuliza atalala wapi. Kwa wengi, jibu lilikuwa moja: shambani mwa bwana yule yule.

Hivyo ndivyo alivyozaliwa skwota wa Unguja, kama mwanahistoria Frederick Cooper alivyobainisha katika utafiti wake wa mwaka 1980. Skwota aliruhusiwa kujenga kibanda na kulima muhogo, viazi na kunde katikati ya mikarafuu. Kwa kulima kwake alisafisha ardhi, na hivyo akamfanyia mwenye shamba kazi ya palizi bila ujira. Msimu ulipowadia, uchumaji ulilipwa kwa pishi, na wachumaji walitoka kila upande: maskwota wenyewe, Wahadimu kutoka maweni, wanawake wa mjini na vibarua wa bara. Sharti moja, hata hivyo, halikulegezwa: skwota hakuruhusiwa kupanda miti ya kudumu. Kwa mila na sheria za visiwani, mti waweza kumilikiwa mbali na ardhi uliposimama. Kumruhusu mtu apande mnazi ni kumruhusu adai. Muhogo hung'olewa, mkarafuu hurithiwa.

Msomaji wa Uasin Gishu atalitambua neno skwota, lakini hana budi kutahadhari. Katika nyanda za juu za Kenya, ambako Makaburu walifika kwa misafara kuanzia mwaka 1908 na walowezi wengine wakafuatia, skwota aliishi na mifugo yake katika shamba la mlowezi kwa badala ya kazi, na sheria ya mwaka 1918 ilimfunga kwa mkataba wa idadi maalumu ya siku za kazi. Kule dola ilisimama waziwazi kati ya mlowezi na mfanyakazi. Unguja, uhusiano wa skwota na mwenye shamba ulibaki zaidi wa mdomo na wa heshima: salamu, zawadi za sikukuu, utumishi katika harusi na mazishi. Mkono wa dola haukuonekana shambani. Kwa sababu hiyo, uhusiano mpya wa karne ya 20 uliweza kuvaa mavazi ya zamani na kuonekana kama utumwa uliosahau kufa.

Sheria na utambulisho

Lakini mkono wa dola ulikuwapo. Kufikia miaka ya 1930, wengi wa wenye mashamba walikuwa wamezama katika madeni kwa wafanyabiashara wa Kihindi, waliokopesha fedha kwa rehani ya mashamba na mazao. Kiuchumi, mwinyi wa aina ya Fuad alikuwa karibu kuporomoka. Aliyemwokoa ni serikali ya kikoloni. Sheria ya ardhi ya mwaka 1934 ilizuia mashamba ya Waarabu na Waafrika yasihamie mikononi mwa watu wa asili nyingine bila idhini. Wakati huo huo chama cha wakulima wa karafuu, kilichoundwa mwaka 1927, kilipewa uwezo mkubwa katika biashara ya zao hilo, na hatua hizo zilichochea mgomo wa wafanyabiashara wa Kihindi, visiwani na huko Uhindi, katika miaka ya 1937 na 1938. Kwa mujibu wa sheria hizi, swali la nani anaweza kumiliki nini lilijibiwa kwa kutaja asili ya mtu.

Mwelekeo huo ulienea katika nyanja nyingine. Baada ya mwaka 1897 wengi wa waliokuwa watumwa walijiita Waswahili, wakidai uraia wa kisiwa badala ya kumbukumbu ya bara. Kufikia sensa ya mwaka 1931, idadi ya waliojiandikisha kwa jina hilo ilikuwa imeporomoka vibaya, na majina kama Shirazi na Hadimu yalikuwa yamepanda. Wakati wa Vita vya Pili vya Dunia serikali iligawa vyakula kwa kufuata asili: waliohesabiwa kuwa Waarabu au Waasia walipata mchele, na waliohesabiwa kuwa Waafrika walipewa zaidi unga wa mahindi. Watu waliokula wali katika sikukuu zao zote walilazimika kujua jina lao la asili lilikuwa na thamani gani dukani. Ngazi ya ustaarabu iliyokuwa ikipandwa taratibu sasa ilikuwa daftari la karani.

Si kwamba watu walilipokea daftari hilo kimya. Siti binti Saad, aliyezaliwa Fumba na kupewa jina la Mtumwa, alihamia mjini mwaka 1911, akajenga sifa yake miongoni mwa watu wa Ng'ambo, na mwaka 1928 akaenda Bombay kurekodi nyimbo za taarabu kwa Kiswahili. Mtumwa aliyegeuka Siti, yaani bibi mwenye heshima, ni ushahidi kwamba jina la utumwa liliweza kuvuliwa. Watu wa Ng'ambo, wengi wao wa asili ya mashamba, waligoma kulipa kodi ya viwanja katika miaka ya 1920. Mwaka 1948 makuli wa bandarini walianzisha mgomo ulioenea mjini kote, tukio ambalo Adam Shafi Adam alilifanyia riwaya ya Kuli (1979). Shambani, hata hivyo, skwota hakuwa na kiwanja cha kugomea. Baada ya uchaguzi wa mwaka 1957, wenye mashamba kadha waliwafukuza maskwota waliounga mkono chama cha upande wa pili. Hapo ndipo kibanda kilichosimama kwa heshima ya miaka mingi kilipodhihirika kuwa hakikusimama juu ya haki yoyote.

Riwaya na kumbukumbu ya shamba

Tukirejea kwa Kijakazi kwa mwanga huu, jina lake halionekani tena kuwa chumvi. Linataja hali ya mtu aliyeachwa huru bila kupewa pa kusimama. Utii wake kwa Mwinyi Fuad, ambao huwakera wasomaji wengi, una mantiki yake: katika uhusiano usio na mkataba, utii ndio hati pekee ya makazi. Mwandishi amekunja vipindi viwili, wa utumwa na wa uskwota, vikawa kimoja. Na mkunjo huo unasema jambo ambalo tarehe 1897 peke yake haliwezi kulisema.

Riwaya ya Mohamed Suleiman Mohamed, Nyota ya Rehema (1976), inaligusa jeraha lile lile kutoka upande mwingine. Rehema ni binti wa mwenye shamba, lakini rangi yake inamfanya atiliwe shaka na kunyimwa nafasi katika ukoo. Kwa kanuni ya zamani, mtoto wa baba huyo angetambuliwa. Katika ulimwengu wa riwaya, ulimwengu wa visiwa vilivyokwisha kupitia madaftari ya asili, kanuni hiyo imevunjika. Ugomvi unaishia palepale ulipoanzia, kwenye ardhi: nani ameilima na nani ana haki nayo.

Upungufu wa Kasri ya Mwinyi Fuad uko kwingine. Uzito wa mgogoro wake umewekwa kati ya mwinyi na watu wake, na nyuma ya mwinyi hapaonekani vya kutosha mkopeshaji, karani wa ushuru wala mtunga sheria. Msomaji anaachwa akidhani kwamba nguvu ya Fuad ilitoka kwa Fuad. Dhana hiyo ina gharama. Ikiwa kasri lilijisimamia lenyewe, basi umwagaji damu wa Januari 1964 unakuwa matokeo ya uadui wa kale wa mataifa mawili, na Mwarabu maskini wa Ng'ambo au wa Pemba, mwenye duka dogo au mikarafuu michache, anakuwa sawa na Fuad kwa sababu ya asili yake tu. Wengi wa namna hiyo waliuawa au kufukuzwa. Mhakiki anayeisoma riwaya bila kuuliza habari za sheria ya 1934 anairithi hukumu hiyo bila kujua.

Hitimisho

Baada ya Mapinduzi, ardhi ilitaifishwa mwaka 1964, na wakulima wakaanza kugawiwa eka tatu tatu. Skwota alipata alichonyimwa kwa miaka sitini na zaidi. Lakini karafuu ziliendelea kununuliwa na mnunuzi mmoja, dola, kwa bei iliyopangwa na dola, na mkulima wa Pemba akabaki akilalamikia bei hiyo kwa miaka mingi. Hapa tena chombo kilichobuniwa wakati wa ukoloni kilidumu kuliko mtu aliyelaumiwa kwa dhuluma.

Makala haya yamejaribu kuonyesha kwamba fasihi ya Unguja na Pemba ni shahidi mwaminifu wa maumivu ya shamba, lakini si shahidi kamili wa chanzo chake. Wanafunzi wa fasihi wanaozitumia riwaya hizi kama historia hawana budi kuzisoma sambamba na dikrii, sensa na daftari la mgao wa chakula. Kazi hiyo haijafanywa vya kutosha kwa riwaya za Pemba, kisiwa ambacho shamba lake halikufanana na la Mwinyi Fuad, na ambako masimulizi ya wachumaji wakongwe bado yanaweza kukusanywa.