Mitarakwa ya Jangwani na Wajapani wa California

Jamaa zangu, katika kurasa hizi tumezoea kusoma safari za wazee wetu wenyewe: nani alitangulia, nani alimfuata, nani kazaliwa wapi. Mara hii nimeomba nafasi niwaeleze habari za wahamiaji wengine, Wajapani wa Marekani, na miti yao ya vyunguni iitwayo bonsai.

Bonsai si jina la mti. Hata mvinje au mkuyu waweza kuwa bonsai. Hutiwa katika chungu kifupi, hupunguzwa mizizi na matawi mwaka baada ya mwaka, na hufungwa waya mpaka ushike umbo la mti mkongwe. Kimo hubaki kidogo, lakini umri ni ule ule, na ukitunzwa vyema humzika aliyeupanda. Kazi hii ilianza Uchina, Wajapani wakaipokea na kuifanya yao.

Wajapani waliofika California mwanzoni mwa karne ya 20 walikuta milango miwili imefungwa. Sheria ya California ya mwaka 1913 ilimzuia mhamiaji wa Kijapani kumiliki shamba. Kisha, Juni 1919, ikaanza kutumika amri ya karantini ya mimea, namba 37, iliyozuia kwa sehemu kubwa kuingiza miti yenye udongo mizizini, kwa kuogopa wadudu na maradhi. Basi mtu shamba hana, na msonobari wa kwao hauji. Nionavyo mimi, mambo hayo yalichangia pakubwa kuwafanya waangalie miti ya nchi waliyomo.

Mti ulioupita mingine yote ni mtarakwa wa jangwa la Mojave. Jamaa wa Oman wanamjua ndugu yake juu ya Jabal Akhdar, na waliokulia Kenya wanamjua mwingine katika misitu ya milimani. Huu wa Mojave huota mahali pa mvua haba na upepo mkali. Jua humenya gome, sehemu kubwa ya shina hufa na kugeuka nyeupe kama mfupa, na uhai wote hupita katika ukanda mwembamba wa gome lililosalia. Mzee kama huyo aweza kuwa na miaka mia kadhaa. Kule Japani fundi huchonga kwa mkono sehemu iliyokufa ili mti uonekane umeona dunia. Hapa jangwa limeshamaliza kazi. Shida ni kuung'oa. Mizizi huingia mbali baina ya mawe, na ukikata mingi kupita kiasi mti hufa. Ukipona, huachwa miaka kadhaa bila kuguswa. Siku hizi hauchimbwi ila kwa kibali.

Halafu vikaja vita. Mwaka 1942 serikali ya Marekani iliwaondoa majumbani watu wapatao 120,000 wenye asili ya Kijapani, wengi wao raia waliozaliwa hapa hapa, ikawatia makambini. Kila mtu alichukua anachoweza kukibeba tu. Sasa fikirini: mti wa chunguni wakati wa kiangazi hutaka maji kila siku, na siku chache za kusahauliwa zatosha kuua kazi ya miaka hamsini. Hata hivyo, katika kambi ya Manzanar, watu hao hao walitengeneza bustani kwa mawe ya mlimani na mimea ya jangwa.

John Naka hakufungwa, kwani vita vilimkuta Colorado, mbali na pwani. Alizaliwa huko mwaka 1914, akapelekwa Japani akiwa na miaka minane, na huko babu yake akamfunza bonsai. Alirudi mwaka 1935 akalima, na mwaka 1946 akahamia Los Angeles. Mwaka 1950 yeye na wenzake wakaanzisha chama cha bonsai. Aliitumia sana mitarakwa ya California, na alikozunguka kufundisha, Afrika Kusini ikiwemo, aliwahimiza watu watumie miti ya kwao. Huko Afrika Kusini wapo wanaoufanya mbuyu kuwa bonsai, na mgunga wenye kichwa bapa kama mwavuli, umbo ambalo kila aliyepita Serengeti atalitambua.

Kazi yake mashuhuri kuliko zote, lakini, si ya mti wa Marekani. Ni msitu mdogo wa mitarakwa yenye asili ya Asia, aliouanza mwaka 1948 kwa miti miwili. Aliendelea kuongeza mpaka ikatimia 11, mmoja kwa kila mjukuu. Aliuita Goshin, yaani mlinzi wa roho. Mwaka 1984 aliutoa uwe mali ya umma. Hapo nilisimama kidogo nikafikiri, maana ni urithi wa wajukuu kwa majina yao, na bado aliona afadhali utunzwe na watu wengi kuliko kutegemea nyumba moja. Naka alifariki mwaka 2004.

Msitu huo uko Washington, katika jumba la bonsai la Bustani ya Taifa ya Miti. Jengo la miti ya Amerika ya Kaskazini, lililofunguliwa mwaka 1990, lina jina la Naka. Jamaa mnaokuja huku kwa arusi, kuingia ni bure. Waleteni na watoto.