Mizimu ya baa za New Orleans na wakimbizi wa 1809

Wiki hii zamu ya kuandika historia ni yangu, na najua wengi mlitegemea niendelee na mambo ya vita vya kwetu. Leo tupumzike kidogo. Leo nawapeleka baa, tena usiku, tena kutafuta mizimu.

Ilikuwa hivi. Kuna kaka mmoja tuliishi naye bloku moja hapa kambini, shitingi yao na yetu zilikuwa karibu kugusana. Alipata bahati ya kwenda Marekani na sasa anasafisha vyumba kwenye hoteli huko New Orleans, jimbo la Louisiana. Mwezi uliopita kazini waligawiwa tiketi za bure za kutembezwa kwenye baa za zamani zenye mizimu. Akanipigia video. Kwao ilikuwa saa mbili usiku, kwetu saa kumi alfajiri. Nilijifunika blanketi hadi kichwani ili mwanga wa simu usiamshe wadogo zangu, nikatembea naye.

Mwanzoni sikuelewa. Watu wazima wanalipa pesa ili watishwe? Kwetu mtu akisema nyumba ina mizimu unaihama, au unamwita mzee anayejua. Kule ni biashara kubwa kabisa. Muongozaji lazima awe na leseni ya mji, kundi lisizidi watu 28, na wanatakiwa wamalize kabla ya saa nne usiku maana kuna watu wanaoishi katika mitaa hiyo na wanataka kulala. Katikati ya safari mnasimama baa mnanunua pombe, halafu mnaendelea nayo barabarani. Mji unaruhusu, mradi tu iwe kwenye kikombe cha plastiki. Kaka alichukua soda.

Wako katika mtaa wa zamani unaoitwa French Quarter, ulioanzishwa na Wafaransa mwaka 1718. Sehemu kubwa ya nyumba za mwanzo haipo tena. Mwaka 1788 moto uliteketeza majengo 856, na mwaka 1794 moto mwingine ukala 212.

Baa ya kwanza ilikuwa Old Absinthe House, kwenye kona ya Bourbon Street na Bienville. Hadithi ya pale ni kwamba kabla ya vita na Waingereza, Jenerali Andrew Jackson alikutana ghorofani na haramia Jean Lafitte wakakubaliana kupigana pamoja. Kwamba watu wa Lafitte walipigana upande wa Jackson ni kweli, na vita vile vya tarehe 8 Januari 1815 Waingereza walishindwa vibaya. Mkutano wa ghorofani ndio hauna ushahidi. Baa inajua hivyo na inauza tu.

Kisha wakapita Napoleon House, ambayo nitairudia. Halafu Muriel's, mgahawa ulio pembeni ya uwanja wa Jackson Square. Pale wanatenga meza moja na kuweka mkate na divai kwa ajili ya mzimu wa mwenye nyumba wa zamani, ambaye wanasema alipoteza nyumba yake kwenye kamari mwaka 1814 akajiua. Kaka alinong'ona kwenye simu: "Unaona, mdogo wangu? Na hawa nao wanawapa wafu wao." Nikamkumbuka babu, ambaye hakunywa kasiksi kabla ya kumwaga kidogo chini.

Kutoka hapo wakaenda kwenye nyumba ambayo si baa, lakini hakuna kundi linaloiruka. Iko Royal Street, ilikuwa ya mama tajiri aitwaye Delphine LaLaurie. Tarehe 10 Aprili 1834 jikoni palishika moto. Waliokuja kuzima wakakuta watumwa wamefungwa minyororo, wamedhoofika, wana majeraha ya mateso. Watu wa mji wenyewe walikasirika, wakaivunja nyumba, na yule mama akakimbilia Ufaransa. Muongozaji alieleza mateso yale kwa urefu, mpaka dada mmoja kwenye kundi akaziba masikio. Baadaye nikasoma kwamba mengi ya yale ya kutisha zaidi yaliongezwa na waandishi waliokuja zaidi ya miaka mia baada ya tukio. Yaani ukweli wenyewe, watu kufungwa minyororo na kuteswa katika nyumba ya mtu anayeheshimiwa, haukutosha. Ilibidi watie chumvi ndipo tiketi iuzike.

Mwisho ulikuwa Lafitte's Blacksmith Shop, Bourbon Street tena lakini upande uliotulia. Kajumba kafupi ka matofali yaliyopangwa katikati ya nguzo za mbao, moja ya nyumba chache zilizopona ile mioto miwili. Ndani wanawasha mishumaa. Wanasema Lafitte na kaka yake Pierre walijifanya wahunzi hapo huku wakiuza mali ya magendo, na kwamba ukitazama kwenye jiko la kuotea moto unaweza kuona macho mekundu. Kaka alitazama. Hakuona kitu. Mimi niliona pua yake tu, alikuwa ameikaribia simu mno.

Hapo bando likaisha.

Sasa nije kwa kilichonifanya niandike. Muongozaji alikuwa mzuri, sikatai. Lakini kuhusu Lafitte alisema "haramia" na "magendo" huku watu wakicheka, kana kwamba ni mtu wa sinema. Magendo ya nini? Pamoja na vitambaa na pombe, ndugu hawa waliuza watu. Marekani ilipiga marufuku kuingiza watumwa kutoka nje kuanzia tarehe 1 Januari 1808, na tangu hapo kambi yao ya Barataria, kwenye vinamasi kusini mwa mji, ikawa mlango wa nyuma wa kuwapitishia Waafrika walionyakuliwa kwenye meli.

Nikaanza kujiuliza ni nani mwingine aliyerukwa usiku ule, na hapo ndipo Napoleon House inaporudi. Ni baa iliyoko kona ya Chartres na St. Louis. Ilikuwa nyumba ya Nicholas Girod, aliyewahi kuwa meya. Wanasema aliitoa ili Napoleon Bonaparte, mfalme wa Ufaransa aliyekuwa mfungwa kisiwani, atoroshwe na kuja kuishi pale. Napoleon akafa mwaka 1821, hakuwahi kukanyaga mji ule. Jina lake ndilo liko mlangoni hadi leo.

Waliokanyaga ni hawa. Kati ya Mei 1809 na Januari 1810, meli baada ya meli zilishusha wakimbizi New Orleans. Meya wa wakati huo, James Mather, aliwahesabu: 9,059. Wazungu 2,731, weusi na machotara huru 3,102, watumwa 3,226. Idadi ya watu wa mji ikaongezeka karibu mara mbili katika miezi michache. Fikirieni ofisi yetu ya uandikishaji, halafu fikirieni siku hizo.

Walikuwa wametoka Saint-Domingue, koloni la Wafaransa la sukari na kahawa ambalo leo ni Haiti. Agosti 1791 watumwa wa kule waliasi. Mwaka 1793 utumwa ukafutwa kisiwani, na Februari 1794 bunge la Paris likaufuta katika makoloni yote ya Ufaransa. Napoleon alipotuma jeshi mwaka 1802 kurudisha mambo ya zamani, vita vikawa vya kumalizana, na tarehe 1 Januari 1804 Haiti ikawa nchi huru. Katikati ya moto huo maelfu walivuka bahari hadi mashariki ya Cuba, upande wa Santiago. Wakapanda kahawa, wakajenga, watoto wakazaliwa. Kisha mwaka 1808 huyo huyo Napoleon akaivamia Hispania na kumweka kaka yake awe mfalme. Cuba ilikuwa ya Wahispania. Mwaka 1809 wakaambiwa: ninyi ni watu wa Ufaransa, tokeni. Kwa hiyo wakakimbia mara ya pili, kwa kosa la mtu ambaye wengi wao hawakuwahi kumwona.

Niliposoma hapo nilisimama kidogo. Wapo humu kwenye kundi letu waliokimbia kwao, wakapokelewa nchi ya kwanza, halafu siku moja wakaambiwa muda wenu umekwisha. Hamhitaji kuelezwa.

Lakini nisiwapambe. Baadhi ya wakimbizi hawa walikuwa wenye watumwa, na walichokimbia ni uhuru wa wengine. Angalieni tena ile hesabu ya meya, watumwa 3,226. Kwa sheria ya Ufaransa ya 1794, kila aliyekuwa Saint-Domingue wakati ule alikuwa mtu huru. Wakapita Cuba ambako utumwa upo, wakashuka New Orleans ambako utumwa upo, na kila aliyedaiwa na mtu kuwa "huyu ni wangu" akaandikwa mali. Sheria ya 1808 ingeweza kuzuia, maana hawa nao ni watumwa wanaoingizwa kutoka nje. Bunge la Marekani likapitisha sheria nyingine Juni 1809 ya kuwasamehe adhabu waliokuja nao kutoka Cuba. Msamaha ukawaendea waliowaleta. Walioletwa wakabaki utumwani.

Na weusi waliokuwa huru? Wanaume waliopita umri wa miaka 15 waliambiwa hawaruhusiwi kukaa, gavana aliogopa kwamba watu waliotoka kwenye mapinduzi watayaleta na huku. Wengi walibaki hivyo hivyo. Miaka mitano baadaye, Waingereza walipokaribia, mmoja wao, afisa mweusi aitwaye Joseph Savary, aliandikisha kikosi cha wanaume wa Saint-Domingue, nao wakapigana chini ya Jackson. Wale wale walioambiwa waondoke. Kwenye baa wanakumbuka haramia.

Kuna mama mmoja ambaye sijaacha kumfikiria. Anaitwa Adélaïde Métayer. Alikuwa mtumwa Saint-Domingue na mwaka 1801 alimlipa bwana wake pesa akanunua uhuru wake, akapewa karatasi. Akakimbilia Cuba na karatasi yake. Mwaka 1809 akatua New Orleans nayo. Mwaka uliofuata akatokea mtu anayeidai familia ya yule bwana wa zamani, akataka mama huyu na watoto wake wakamatwe wauzwe kufidia deni. Karatasi ya nchi ambayo haipo tena, ikisomwa na watu wasiopenda kilichoandikwa, ina uzito gani? Ilimchukua miaka. Ni mwaka 1819 ndipo mahakama kuu ya Louisiana ilipomtambua kuwa mtu huru.

Mimi najitolea kutafsiri siku za uandikishaji, mnanijua. Nimeona akina mama wanaofungua kitambaa, ndani kuna plastiki, ndani ya plastiki kuna karatasi imekunjwa mpaka mikunjo imekatika. Anakutazama usoni wakati unaisoma, kwa sababu yeye hajui kusoma na wewe unajua. Mimi mwenyewe jina langu kwenye karatasi yangu lina herufi moja ambayo si yangu, na kwa herufi hiyo nimerudishwa nyumbani mara tatu. Kwa hiyo ninaposema mzimu, hicho ndicho ninachokiona, wala sihitaji macho mekundu kwenye jiko. Namwona mtu kwenye foleni ya bandarini mwaka 1809, karatasi kifuani, mbele yake karani ana kalamu na safu tatu za kujaza.

Na hao walioangukia safu ya tatu waliuzwa wapi? Sehemu nyingine zilikuwa baa zenyewe. Siku hizo zikiitwa nyumba za kahawa, wafanyabiashara walikunywa, wakasoma magazeti na kufanya minada, ya meli, ya viwanja, ya watu. Maarufu mojawapo ilikuwa ya Pierre Maspero, kwenye kona hiyo hiyo ya Chartres na St. Louis, hatua chache kutoka nyumba ya meya Girod. Kundi la kaka lilisimama kona ile kama dakika tano, na dakika zote zilikuwa za Napoleon.

Nilimtumia kaka haya yote kwa sauti za WhatsApp, nane, ndefu ndefu, alilalamika. Juzi akajibu. Alipotoka kazini alipita Chartres mchana, akasimama ile kona. Hakuingia, anasema bia moja pale ni karibu saa nzima ya mshahara wake. Kulikuwa na watalii wanapiga picha mlango. Ameniuliza jina la yule mama linaandikwaje, anataka kumpelekea yule muongozaji, ambaye bado ana namba yake.

Nikamwandikia herufi kwa herufi, na zile alama za juu, nikamwambia aangalie vizuri kabla hajatuma.